Kuzuiwa, Kuzuiliwa, Kubebwa

Kuna sentensi ambayo watangazaji wetu wa habari huisoma bila hata kuitazama karatasi: mshukiwa anazuiliwa katika kituo cha polisi cha Buruburu huku uchunguzi ukiendelea. Ondoa Buruburu, tia Kayole, Kamukunji, Shauri Moyo au Dandora, sentensi haitikisiki. Mtangazaji wa Dar es Salaam angesema mtu huyo anashikiliwa. Hapa Nairobi tumelikumbatia kuzuiliwa, ijapokuwa ni neno la redioni na magazetini tu. Ukishuka matatu pale Umoja au Jericho hulisikii. Huko kijana ameshikwa, amebebwa, au yuko ndani, na hakuna anayeuliza ni ndani ya nini.

Mimi nalipenda hilo neno la redioni kwa ajili ya silabi yake moja. Kuzuiwa na kuzuiliwa si kitu kimoja. Mtoto akizuiwa kuvuka Jogoo Road, amezuiwa, basi, maneno yamekwisha. Kuzuiliwa kuna ile -li- ya kauli ya kutendea, na kauli hiyo ina deni. Mtu akikwambia mama analia, umeelewa. Akikwambia mama analilia, utamtazama umngoje amalize: analilia nini? Vivyo hivyo mtu anayezuiliwa: anazuiliwa wapi, na kwa ajili ya nini? Hata shikiliwa ya Watanzania ina -li- hiyohiyo ndani yake. Mtangazaji hulipa nusu ya deni anapotaja jina la kituo. Nusu ya pili huifunika kwa "uchunguzi ukiendelea," maneno ambayo hayasemi sababu yoyote. Yanatuarifu tu kwamba sababu ingali inatafutwa.

Wanasheria wa Kiingereza wana maneno mawili yasiyo na undugu, moja la kukinga jambo lisitokee na jingine la kumweka mtu pahala asipopataka, nao huyaunganisha ili kumtaja mtu anayefungiwa kwa lile analoogopewa kwamba huenda atalitenda. Kwetu sisi kazi zote mbili zimebebwa na mzizi mmoja. Tunazuia mafuriko, tunazuia mimba, tunazuia uhalifu, na tunamzuia mtu. Ukijaribu kuitafsiri istilahi yao neno kwa neno utapata "kizuizi cha kuzuia," na msikilizaji atadhani umekwama. Tanganyika ilipotunga sheria yake ya mwaka 1962 ya kumpa Rais mamlaka hayo, wasemaji waliachana na nusu moja ya jina, wakaiita tu sheria ya kuwekwa kizuizini. Nadhani walifanya vyema. Kizuizini ni mahali, kwa ile -ni ya mwisho, na kizuizi chenyewe ni kile cha misumari ambacho askari huburuta barabarani usiku.

Neno hilo lina mpaka ambao watu waliolipitia waliujua vizuri sana. Abdilatif Abdalla alikuwa mfungwa. Aliandika kijitabu "Kenya: Twendapi?" mwaka 1968, akashtakiwa kwa uchochezi, akahukumiwa, akatumikia kifungo cha miaka mitatu. Kifungo huhesabika, unajua siku utakayofunguliwa. Ngũgĩ wa Thiong'o, aliyechukuliwa nyumbani kwake usiku wa Desemba 1977 na kuachiliwa Desemba iliyofuata, hakuwa mfungwa hata siku moja, ijapokuwa alilala Kamiti kama wafungwa. Hakushtakiwa wala hakuhukumiwa. Na J. M. Kariuki, kitabu chake cha kumbukumbu za kambi za Mau Mau kilipotolewa kwa Kiswahili, jina lilikuwa "Mau Mau Kizuizini." Gereza halikutajwa. (Gereza lenyewe, wasemavyo wajuzi, lilitoka kwa Wareno, kwao likiwa kanisa. Hayo ni ya siku nyingine.)

Eastlands ilijifunza kizuizini kabla ya kujifunza uchaguzi. Tarehe 24 Aprili 1954, miaka miwili bado haijatimia tangu hali ya hatari itangazwe, wanajeshi wa Uingereza na polisi waliuzingira mji alfajiri katika msako walioupa jina la Anvil, yaani fuawe la mhunzi. Mitaa ya Waafrika ilipekuliwa mmoja baada ya mwingine, Bahati, Kaloleni, Ziwani, Makongeni, Pumwani, Kariokor. Watu walipangwa mistari, vipande vyao vikakaguliwa, mtu aliyefunikwa gunia kichwani akatikisa kichwa au asitikise, na lori zikaondoka kuelekea Langata, kisha Manyani na Mackinnon Road. Waliowekwa kizuizini walipita 20,000. Mtaa ulioitwa Bahati ulikuwa miongoni mwa iliyobebwa, na sijui kama aliyeupa jina hilo alikuwa bado yupo aone.

Neno hilo, kubebwa, lingali hai. Kwa Kiswahili cha kawaida kinachobebwa ni mzigo au mtoto mchanga, ambao wote hawaulizwi wanataka kwenda wapi. Vijana wa Eastlands hulitumia kwa polisi bila kufikiria, lakini limechaguliwa vizuri kuliko istilahi nyingi zilizopitia kwenye kamati.

Kenya ilipopata uhuru ilirithi kizuizi, ila ilikizungushia maneno. Katiba ile ya kwanza, katika kifungu ambacho baadaye kilipewa namba 83, iliamuru kwamba mtu akiwekwa kizuizini bila kesi, basi katika siku 5 apewe maandishi, kwa lugha anayoielewa, yanayoeleza kwa kina sababu za kuzuiliwa kwake. Katika siku 14 jina lake litangazwe kwenye Gazeti Rasmi la Serikali. Katika mwezi mmoja, na tena kila miezi 6, jambo lake litazamwe na baraza huru ambalo mwenyekiti wake ameteuliwa na Jaji Mkuu. Baraza hilo lingeweza kupendekeza aachiliwe, na Waziri angeweza kulisikiliza kisha asitende lolote.

Nimezisoma amri hizo mara kwa mara, na kila mara nakwama kwenye "kwa kina." Kina ni cha bahari na kisima, ni kitu kinachopimwa kwa kamba. Je, karatasi inayosema kwamba fulani amejihusisha na shughuli zinazohatarisha usalama wa nchi ina kina cha pima ngapi? Swali hilo si langu. Lilifikishwa Mahakama Kuu ya Nairobi mwaka 1966 katika kesi ya Ooko dhidi ya Jamhuri. Ulikuwa mwaka ambao serikali ya Kenyatta, Moi akiwa Waziri wa Mambo ya Ndani, ilianza kuwaweka ndani watu wa vyama vya wafanyakazi na wafuasi wa Oginga Odinga. Ooko alilalamika, pamoja na mengine, kwamba sababu alizopewa hazikuwa na kina kinachodaiwa na Katiba. Mahakama haikumfungulia mlango. Ilisema haja ya kumzuilia mtu ni jambo la Waziri kuridhika nalo mwenyewe, na upungufu wa maelezo haukuifanya amri ya kizuizi kuwa batili. Karatasi ilikuwepo. Kina chake kilikuwa mambo mengine.

Hapo ndipo nisipokubaliana na mahakama ile, na neno linalonisumbua ni utaratibu. Limetoka kwenye mzizi wa Kiarabu wa kupanga vitu kwa mpangilio, lakini lilipofika pwani likazaa watoto wawili. Mmoja ni utaratibu, njia iliyowekwa ya kufanya jambo. Wa pili ni taratibu, yaani polepole, kwa utulivu, bila pupa. Wakili akisema mbele ya hakimu kwamba polisi wamekiuka utaratibu, sikio la Mswahili linasikia pia kwamba wamefanya haraka. Nairobi tumeyapoteza masikio hayo. Mtu akiachiliwa kwa sababu alicheleweshwa kufikishwa mahakamani, pale kibandani utasikia "ametoka kwa teknikaliti," na anayesema hivyo ana dharau kidogo mdomoni, kana kwamba aliyeachiliwa ametorokea dirishani huku haki ikimsubiri mlangoni.

Dharau hiyo ingekuwa na maana kwa mtu aliyeshtakiwa. Yeye ana mashahidi wa kuwahoji, ana vielelezo vya kuvipinga, ana mengi ya kusema hata kama saa zake zimekosewa. Aliyewekwa kizuizini hana hata kimoja cha hivyo. Hajaambiwa ametenda nini, kwa sababu mara nyingi hajatenda. Alichonacho ni karatasi, tarehe, sahihi, muhuri na saa. Ukimwambia hayo ni mambo madogo ya utaratibu, umemwambia hana kesi kabisa. Majirani zetu waliliona hilo. Mwaka 1980 Mahakama ya Rufani ya Tanzania, katika kesi ya Lesinoi Ndeinai na wenzake, ilishikilia kwamba bila amri ya Rais iliyotolewa jinsi sheria inavyodai, hakuna kizuizi halali. Na nchi ile ilikuwa ya chama kimoja, vyombo vya usalama vikitembea vifua mbele.

Kwetu ilibidi kungoja, na ushindi ulipokuja ulikuja kwa hesabu ya siku. Wanyiri Kihoro, wakili, alikamatwa Mombasa mwishoni mwa Julai 1986, katika msako wa watu wa Mwakenya, kundi la siri la upinzani, akaletwa Nairobi katika vyumba vya chini vya Nyayo House. Amri ya kumweka kizuizini ilitiwa mkononi mwake Oktoba. Katikati palikuwa na siku 74. Siku hizo hakuwa mfungwa, hakuwa mshtakiwa, na hata kizuizini hakuwa, kwa maana amri ilikuwa bado haijaandikwa. Lugha ya sheria haikuwa na neno la hali yake. Lugha ya mtaani ilikuwa nalo, alikuwa amebebwa. Aliishtaki serikali, na mwaka 1993 Mahakama ya Rufani ikamkubalia kwamba siku 74 zile zilikuwa haramu, ikamtunuku fidia ya shilingi 400,000. Gawanya utapata kama shilingi 5,400 kwa siku. Miaka iliyofuata baada ya karatasi kufika, hadi alipoachiliwa 1989, haikuhesabiwa. Karatasi ilipofika, giza lilelile likawa na jina.

Katikati ya mambo hayo, mwaka 1988, Bunge lilifanya marekebisho ya Katiba ambayo wengi huyakumbuka kwa kuwaondolea majaji usalama wa kazi zao. Marekebisho hayohayo yaliwapa polisi siku 14, badala ya saa 24, za kumweka mtu anayeshukiwa kwa kosa la kunyongwa kabla ya kumfikisha mahakamani. Siku 14 zilidumu zaidi ya miaka 20, na wizi wa mabavu ulikuwa miongoni mwa makosa hayo. Ni kosa ambalo kijana wa Mathare au Korogocho huweza kulibambikiwa kwa simu moja ya mkononi na kisu cha jikoni.

Kisha, kwa muda mfupi, mahakama ilizichukulia siku kwa uzito ambao sijauona tena. Katika rufaa ya Albanus Mwasia Mutua, mwaka 2006, Mahakama ya Rufani ilimwachilia mtu aliyekuwa amehukumiwa kwa wizi wa mabavu, kwa kuwa polisi walikaa naye miezi minane kabla ya kumpeleka mbele ya hakimu, na serikali haikueleza kwa nini. Mwaka uliofuata, Gerald Macharia Githuku aliachiliwa kwa siku 3 tu: alikaa 17 badala ya 14. Magazeti yaliwaka moto. Majambazi wanafunguliwa kwa teknikaliti! Mwaka 2010, katika rufaa ya Julius Kamau Mbugua, mahakama hiyohiyo ikaurudisha mlango nyuma. Ikasema kucheleweshwa ni kosa kweli, lakini dawa yake ni kudai fidia kwa kesi ya madai, na kesi ya jinai iendelee. Nakiri hoja hiyo ina nguvu mtu aliyeuawa anapokuwa na mama anayelia. Ila kila mara najiuliza ni nani huko Kayole atakayefungua kesi ya madai dhidi ya Mwanasheria Mkuu kwa sababu ya siku 3. Nauli ya kwenda kwa wakili peke yake ni hoja.

Katiba ya mwaka 2010 iliturudishia saa 24 kwa wote, na kuziandika mahali panapoonekana, Ibara ya 49. Saa hizo zina mkia. Zikiisha nje ya saa za kawaida za mahakama, au siku ambayo mahakama haikai, basi mtu afikishwe kabla ya mwisho wa siku ya mahakama inayofuata. Waliotunga mkia huo walifikiria hakimu anayehitaji kulala. Waliousoma wakaona wikendi. Ndipo Wakenya wakabuni istilahi yao wenyewe, Kamata Kamata Friday, kwa wakubwa waliokuwa wakikamatwa Ijumaa ili walale ndani hadi Jumatatu. Nusu Kiswahili, nusu Kiingereza, na ile kamata iliyorudiwa inabeba kila kitu: rudia kitenzi kwa Kiswahili na unapata tendo linalofanywa ovyo, mara nyingi, bila kumaliza. Cheka-cheka, gusa-gusa, kamata-kamata. Vicheko vilikuwa vingi kwa kuwa waliokamatwa walikuwa magavana na wafanyabiashara. Eastlands ilishangaa kidogo tu, maana huko Ijumaa ya namna hiyo ilikuwepo kabla ya kupewa jina.

Na kwa kweli Ijumaa siyo siku mbaya kuliko zote. Hesabu. Mtu akishikwa Alhamisi saa kumi na mbili jioni, saa zake 24 zinaisha Ijumaa saa kumi na mbili jioni, mahakama imekwisha kufungwa. Siku ya mahakama inayofuata ni Jumatatu, na mwisho wake ni saa kumi na moja. Hizo ni saa 95, zote halali. Jumatatu ikiwa sikukuu, ongeza siku.

Hapa Kiswahili kina mtego wake. Kwa hesabu ya zamani, ambayo wazee wa pwani na Waislamu wa Pumwani bado wanaijua, siku huanza jua linapotua. Usiku wa Alhamisi ni ule unaotangulia mchana wa Alhamisi, yaani Jumatano usiku kwa kalenda ya polisi. Kwa kijana aliyekulia Donholm, usiku wa Alhamisi ni baada ya mchana wake. Andika kiapo kwa ajili ya bibi wa Pumwani anayesema mjukuu wake alichukuliwa usiku wa Alhamisi, saa mbili. Ukimaanisha alivyomaanisha bibi, polisi walipaswa kumfikisha mahakamani Ijumaa. Ukiandika alivyosikia karani, wana hadi Jumatatu. "Usiku wa kuamkia Alhamisi" lingemaliza ubishi wote, na wakili anayejua lugha ataliuliza kabla ya kupiga muhuri.

Lakini saa inayopewa uzito huwa haitoki mdomoni mwa bibi. Hutoka kwenye OB. Kila mtu Eastlands anaijua OB, wala hakuna anayeiita kitabu cha matukio. Ni daftari kubwa lenye jalada gumu, limekaa juu ya kaunta ya mbao iliyochakaa kwa viwiko, na limefungwa kwa uzi pale gamba lilipoachia. Kila tukio hupewa namba inayoanza moja upya kila siku, kisha tarehe, kwa mtindo wa 27/14/3 na mwaka. Kando kuna saa, imeandikwa kijeshi, 2015 ikimaanisha saa mbili na robo usiku, ambayo mgeni angeweza kudhani ni mwaka. Mlalamishi hupewa namba hiyo kwenye kipande cha karatasi, naye huikunja na kuiweka kwenye kifuko cha simu. Ni hati ya kumiliki malalamiko yake. Aliyeshikwa haandikiwi karatasi. Anavua mshipi, anavua kiatu kimoja au vyote, na jina lake linaingia.

Linaingia saa ngapi? Katiba inahesabu tangu mtu anapokamatwa. OB inaandika alipofika kaunta. Baina ya hayo mawili kuna safari ya Land Cruiser, ambayo inaweza kupita Umoja Innercore, irudi Mutindwa, isimame gizani karibu na reli, ichukue wengine wawili, isubiri mtu apige simu nyumbani aombe pesa. Watu husema "tulizungushwa." Ni neno zuri kwa jambo baya, na ni neno ambalo halina safu katika daftari. Wakili anayetaka kuonyesha kwamba saa 24 zimepita, mapigano yake mengi ni juu ya hiyo safari.

Hata neno kituo limewahi kunyooshwa hadi likakatika. Aprili 2014, baada ya milipuko ya Eastleigh iliyoua watu, serikali ilianzisha msako ulioitwa Usalama Watch. Maelfu ya watu, wengi wao Wasomali, wengi wakiwa na vitambulisho vya Kenya mfukoni, walichukuliwa kutoka Eastleigh na mitaa jirani. Pangani ilijaa. Wakapelekwa Kasarani, kwenye uwanja wa michezo. Sheria haimruhusu polisi kumzuilia mtu penye nyasi za mpira, kwa hiyo Waziri, Joseph ole Lenku, akautangaza uwanja kuwa kituo cha polisi katika Gazeti Rasmi la Serikali. Mawakili walikwenda Mahakama Kuu. Mimi niliirudia sentensi ile ya redioni: wanazuiliwa katika kituo cha polisi cha Kasarani. Sarufi haikuwa na lawama. Nusu ya kwanza ya deni, "wapi," ilikuwa imelipwa kwa noti bandia.

Na pale ambapo hakuna kituo, hakuna OB, wala hakuna anayekiri kwamba mtu yuko kwake? Sheria ina dawa ya kale kuliko zote, hebiasi kopasi, nayo Katiba yetu imeiorodhesha miongoni mwa haki zisizoweza kupunguzwa kwa sababu yoyote. Kilatini chake kinamwamuru mwenye kumzuilia mtu kwamba awe na mwili, aulete mbele ya jaji. Ijaribu kuitafsiri hivyo kwa mama wa Mathare. Mwili, kwa Kiswahili cha Nairobi, ni kile kinachochukuliwa mochari. Kijana akipotea, jamaa huzunguka vituo kwanza, kisha City Mortuary, na mahali pa pili ndipo wanapoulizwa kama wametambua mwili. Wakili anayesema "tutaiomba mahakama iamuru mwili uletwe" ameshamzika mtoto wa watu. Afadhali aseme amri ya kumleta mtu mbele ya jaji akiwa hai, ijapokuwa ni ndefu. Agosti 2024 vijana watatu walichukuliwa Kitengela, na Chama cha Wanasheria kikaomba amri hiyo. Kaimu Inspekta Jenerali, Gilbert Masengeli, aliitwa mahakamani mara kadhaa asije, hadi Jaji Lawrence Mugambi akamhukumu kifungo cha miezi 6 kwa kuidharau mahakama. Vijana walionekana siku chache baadaye, Septemba 20. Ilichukua kumtishia mkuu wa polisi kwa kifungo ili watu wasio na kifungo watoke.

Kizuizi cha zamani, kile cha sahihi ya Waziri, kiliondolewa katika sheria mwaka 1997, kwenye mapatano ya vyama kabla ya uchaguzi, na Katiba ya sasa inakiruhusu katika hali ya hatari tu. Kilichobaki kina sauti ya upole zaidi. Tangu Desemba 2014, Sheria ya Utaratibu wa Kesi za Jinai ina kifungu 36A, ambacho polisi hukitumia kumwomba hakimu siku za ziada kabla ya kumshtaki mtu: hadi 30 kwa mara moja, na kwa jumla zisizidi 90. Taarifa ya habari husema mahakama imewaruhusu polisi kumzuilia mshukiwa kwa siku saba zaidi ili kukamilisha uchunguzi. Neno la kulitilia shaka hapo ni kukamilisha. Mtu hukamilisha alichokwisha kuanza, na wakili mwenye akili huuliza papo hapo: mmeanza nini? Mmehoji nani? Simu mmeipeleka wapi? Nimewahi kumsikia afisa akijibu maswali hayo matatu kwa kusema jambo ni zito. Siku zilitolewa, ingawa zilipunguzwa.

Maombi mengi ya namna hii ya watu wa Eastlands huishia Makadara. Kamusi inasema makadara ni majaaliwa, lile alilokwisha kulipanga Mungu, na ni jina gumu kwa jengo ambamo watu huja kubishania wanayopangiwa na binadamu. Asubuhi ya Jumatatu ukumbi hujaa jamaa wanaotafuta uso wao katika mstari unaotoka chini. Kwenye kila rekodi ya mahakama kuna mstari unaotaja tafsiri, na mara nyingi karani ameujaza kabla hakimu hajaketi: Kiingereza/Kiswahili. Mkwaju huo uliokaa katikati unadhaniwa unawatosha wote, kijana wa Dandora mwenye Sheng yake, mama wa Kisomali wa Eastleigh, mzee wa Kaloleni ambaye Kiswahili chake ni cha stesheni ya reli. Angalau hapo mtu huulizwa anaelewa lugha gani, na akisema haelewi, hutafutwa mkalimani. Katiba inataka aelezwe sababu ya kukamatwa kwake, kwa lugha anayoielewa, tangu mwanzo, yaani pale aliposhikwa na alipokuwa akizungushwa. OB ina safu ya namba, ya saa, ya jina na ya maelezo. Ya lugha haina.